Pazia la Burudika na Koti la Ba'mdogo

Nyie vijana mnaofanya kazi kumbini siku hizi mmenisumbua sana mkitaka niwaandikie historia ya Burudika. Mmoja wenu alinishauri nianze na maono ya mwanzilishi. Mwanzilishi nilimjua, tulimwita Tajiri, na maono yake yalikuwa kuuza bia. Aliona watu wa Buguruni wanakunywa chupa moja kisha wanakumbuka kwao. Akaezeka bati uani, akajenga jukwaa la saruji, akaita kundi la sanaa liwakalishe. Mengine yote mnayoyasikia redioni kuhusu kukuza utamaduni yaliongezwa na watu ambao hawakuwahi kuketi kwenye viti vyetu. Viti vyetu vilikuwa vinabana makalio. Mtu aliyeketi hapo hawezi kusahau na kuzungumzia utamaduni.

Kwa asiyeujua, ukumbi ulikuwa nyuma ya soko, baina ya kiwanda cha kupasua mbao na mashine ya kusaga. Sasa hivi pana uzio wa mabati wenye picha ya ghorofa la vioo, na chini yake Wazungu wawili wanakunywa kahawa. Sijui walifikaje Buguruni.

Vyeo na mishahara sitaviandika. Nilianza kazi nikivuta kamba ya pazia, na siku ya mwisho nilikuwa navuta kamba ya pazia. Katikati waliniita msimamizi wa jukwaa, maana yake nilivuta kamba na kufagia.

Nilifika pale kwa sababu ya msiba. Tulikuwa tumepanga Temeke, wazazi wangu wakiwa watu wa Newala. Baba alifariki wakati wa masika, na mama akamfuata kabla mahindi aliyopanda nyuma ya nyumba hayajakomaa. Mimi ndiye mkubwa, na darasa la saba nilikuwa sijalimaliza. Nyuma yangu alikuwapo Hamisi, kisha Asha, kisha Zaituni ambaye tunamwita Zai, na huyo alikuwa bado wa kubebwa mgongoni.

Ndugu walikuja, wakalia, wakala, kisha wakaanza kututazama kama watu wanaochagua mitumba. Ba'mdogo, mdogo wake baba, alikuwa na duka Lindi, kwa hiyo alisikilizwa kuliko wote. Alieleza kuwa jambo lenyewe ni jepesi. Hamisi ataenda naye dukani. Asha ataenda Mtwara kwa shemeji yake Ba'mdogo akasaidie kazi ndogondogo. Zai atapelekwa Masasi kwa shangazi ambaye hatukuwahi kumwona. Mimi nitaolewa. Mtu alikwishapatikana, mstaarabu, ana shamba la mikorosho na meno kadhaa.

Nilimwomba aniachie wadogo zangu. Hakukasirika. Aliniambia mbele ya wote kwamba nikipata pa kukaa nao na cha kuwalisha, tutazungumza. Nisipopata, safari yake ijayo ya kuja kununua bidhaa Kariakoo atawachukua wote, kila mmoja kwa upande wake. Alisema hivyo kwa upole, kama mtu anayejua atakavyokuta mambo.

Mama Siwema, aliyekuwa akiuza samaki wa kukaanga kwenye geti la Burudika, ndiye aliyeniambia kuwa pale wanatafuta mtu wa pazia. Aliyekuwapo alikuwa amelala katikati ya onyesho akiwa ameegemea kamba, pazia likafunguka, na watazamaji wakamwona mfalme wa igizo akibadilisha suruali. Nilikwenda na Zai mgongoni. Tajiri aliniuliza kama naweza kuvuta. Mimi nilimuuliza kama ni kweli kazi ina chumba, na kama chumba kina kufuli.

Chumba kilikuwapo nyuma ya jukwaa. Kufuli lilikuwapo pia, kwa sababu ya chatu. Kundi lilikuwa na mcheza ngoma wa Kisukuma aliyecheza na nyoka, na sanduku la nyoka huyo lilikaa mle ndani pamoja na matari, mavazi na ngao za maboksi. Chatu alikuwa mpangaji wa zamani kuliko sisi, kwa hiyo alibaki na kona yake, nasi tukatandika mkeka kona nyingine. Hamisi alilala upande wa sanduku. Alisema ni kutulinda, lakini ukweli ni kwamba sanduku lilikuwa na ubaridi mzuri.

Aliyenifundisha kazi alikuwa Mzee Chitanda, Mmakonde aliyewahi kuchonga vinyago vya kuuza kwa watalii akaacha. Alisema watalii walikuwa wanataka kila kinyago kifanane na kile alichonunua jirani yao. Pale Burudika alitengeneza vifaa vyote vya jukwaani na ndiye aliyejua kamba. Pazia lenyewe lilinunuliwa kutoka kwenye sinema iliyofungwa, zito, la rangi ambayo zamani ilikuwa nyekundu. Lilivutwa kwa kamba ya katani iliyopita kwenye makapi mawili ya chuma, yale magurudumu ya kupitishia kamba. Tajiri aliagiza makapi yalainishwe kwa mafuta ya nazi kwa sababu yalikuwa yanapatikana jikoni. Panya wakaifurahia sana kamba. Tulihamia oili chafu ya gari, panya wakahama, na mimi nikanuka gereji kwa miaka yote iliyofuata. Mkononi nilivaa soksi kuukuu. Glavu nzuri mnazovaa nyie sikuwahi kuziona, na nasikia mnazivaa kubonyeza kitufe.

Somo lake kubwa lilikuwa la kusikiliza. Mtu wa pazia haoni jukwaa vizuri, anaona mbavu za waigizaji na kikohozi chao. Kwa hiyo Mzee Chitanda alinifundisha kuwasikiliza watu waliokaa. Viti vikianza kulia, igizo limewachosha, jiandae. Wakinyamaza mpaka unasikia mashine ya kusaga, usiguse kamba hata kama mwigizaji anakukonyeza umfungie. Na kulikuwa na sheria moja isiyovunjwa: mtunzaji akiwa jukwaani, pazia haliguswi.

Hapa lazima nieleze, maana nyie mmezoea watu kurusha noti wakicheza huku wanajirekodi. Onyesho letu lilikuwa pilau. Ilianza ngoma, ikafuata sarakasi, kichekesho, halafu igizo, na mwisho taarabu. Watu walipanda kumtunza mwimbaji wa taarabu, hilo mnalijua. Lakini kwetu walipanda hata katikati ya igizo. Mwigizaji akilia vizuri, mtu anaacha bia yake, anapanda, anampa kanga, sukari, kuku mzima, na igizo linasimama likimsubiri. Mshereheshaji wetu, mtu mmoja mrefu tuliyemwita Kidevu, alikuwa amegundua kwamba mtu akitajwa kwenye spika anarudi mezani na kuagizia meza nzima. Basi akaweka utaratibu. Kila mtunzaji alipewa kipaza sauti aseme jina, anakotoka, na sababu ya kutunza. Bila sababu, zawadi haikupokelewa. Watu wa Buguruni walizipenda sana sababu zao. Wengine walizifanyia mazoezi nyumbani.

Maigizo hayakuwa na karatasi. Asubuhi waigizaji walikaa juu ya makreti ya bia wakaulizana wiki hii mtaani kumetokea nini, wakagawana nafasi, basi. Nilipokuwa mgeni niliogopa wahusika watakuja kutuchomea ukumbi. Mzee Chitanda akaniambia nisubiri nione. Walikuja kweli. Alikuja fundi cherehani mwenye nyumba mbili zisizojuana, na igizo la siku hiyo lilikuwa la fundi cherehani mwenye nyumba mbili zisizojuana. Alicheka kuliko wote, akapiga meza, akasema wanaume wa namna ile wanatakiwa kufungwa. Nilivuta kamba miaka mingi baada ya pale, na sikumbuki hata mtu mmoja aliyejiona jukwaani. Wote walimwona jirani.

Igizo lililopendwa kuliko yote lilikuwa la yatima. Yatima aliigizwa na Mama Tunu, mama wa watoto watano, mwenye sauti nene na mikono ya kutwangia. Alivaa gauni la shule na wigi la misuko miwili, akapiga magoti ili aonekane mdogo, na ukumbi mzima ukazibua mabomba. Mama Siwema alikuwa akifunga biashara yake kwa muda ili aingie kulia. Walimletea Mama Tunu biskuti na pipi. Mwingine alimletea viatu vya mtoto, vilivyomtosha kidole gumba.

Na wakati wanalia hivyo, Zai alikuwa amekwishajifunza kutembea, anapita katikati ya meza zao akiwa na ndala zisizofanana, anaokota vizibo vya soda vya kuchezea. Walimwambia, "Toka hapo mtoto, unatuziba." Siwalaumu. Zai hakuwa na wigi.

Ba'mdogo alikuja Jumapili, alasiri, watu wameanza kujaa kwa onyesho la mchana. Kabla sijamwona nililiona koti. Alikuwa na koti moja la sufu la kijivu alilolivaa Lindi, akalivaa Kariakoo, akalivaa kwenye jua la Buguruni, kwa sababu mtu mwenye duka lazima atofautiane na asiye nalo. Nilimwamkia shikamoo. Aliitikia huku anachungulia chumba chetu.

"Somoe," akaniambia, "hapa ni nyumba ya walevi na nyoka."

"Nyoka ni mmoja tu, Ba'mdogo. Na hanywi."

Hakucheka. Alisema amekwishakata tiketi za basi la asubuhi, za watoto watatu, na yule mstaarabu wa mikorosho bado anasubiri. Nifungashe nguo zao sasa hivi, walale huko alikofikia, asubuhi waondoke. Nikamwambia tunakula, tunalala, Hamisi na Asha wanasoma, na Zai hajaugua tangu tuhamie. Akajibu kuwa mtoto wa kaka yake hawezi kulelewa kwenye ngoma, kwamba watu Lindi wanauliza, na kwamba nisimfanye aonekane mtu asiyejali damu yake.

Mambo mawili yaliniokoa dakika ile, na hakuna hata moja lililokuwa akili yangu. La kwanza, kengele iligongwa na mimi nikalazimika kushika kamba. Pazia likifunguliwa mtu wa pazia haondoki, nikamwomba asubiri onyesho liishe. La pili lilikuwa koti. Wahudumu walipomwona walidhani ni mkubwa kutoka wilayani, amekuja kukagua vyoo. Wakamkimbiza kiti cha mbele kabisa, wakampa soda, na meza yenye kitambaa.

Waigizaji walikuwa wamesikia kila kitu, kwani baina yao na sisi kulikuwa na ukuta wa mbao za boksi. Sikuwaomba lolote. Nilimwona Mama Tunu akiongea na wenzake huku anafunga wigi, na nikamsikia akisema, "Leo siyo mjomba. Leo awe ba'mdogo." Na igizo la yatima, ambalo siku zote lilikuwa na mjomba mlafi wa mbuzi, likageuka. Yatima sasa alikuwa na wadogo. Baba yao mdogo, aliyeigizwa na mtu mwembamba mwenye kofia, aliwagawa mmoja mmoja kwa watu mbalimbali, huyu huku, yule kule, kwa sauti ya upole sana. Yatima alibaki peke yake mvuani, mvua yenyewe ikiwa ni Mzee Chitanda anatikisa mchele kwenye ungo.

Nilimtazama Ba'mdogo kwenye upenyo wa pazia, nikitegemea atainuka kwa hasira avunje meza. Aliinuka. Alikuwa analia. Machozi yalikuwa yanaingia kwenye kola. Alipanda jukwaani kwa ngazi ya pembeni, akapita karibu yangu bila kuniona, akavua lile koti na kumfunika nalo Mama Tunu asinyeshewe.

Ukumbi ulipiga vigelegele. Kidevu akamletea kipaza sauti, kwa kuwa utaratibu ni utaratibu. Ba'mdogo akataja jina lake, akasema anatoka Lindi, ni mfanyabiashara.

"Na sababu ya kutunza, mzee wetu?"

"Sababu ni kwamba mimi pia nimeachiwa watoto na marehemu kaka yangu," Ba'mdogo akasema, na spika zikalipeleka hilo mpaka sokoni. "Mtu anayewatenganisha watoto wa tumbo moja, huyo si mtu. Huyo ni mnyama."

Watu wakasimama. Mama Siwema alikuwa analia juu ya sinia lake la samaki. Mama Tunu, chini ya koti, ananikonyeza nifunge pazia, maana magoti yalikuwa yanamuuma. Mzee Chitanda aliweka ungo chini, akaja kunishika mkono juu ya kamba. Mtunzaji alikuwa bado yuko jukwaani.

Kidevu hakuwa na haraka. Alikuwa mtu wa porojo, lakini siku ile aliuliza polepole. "Kwa hiyo hao wa kwako, mzee, wako wapi?"

Ba'mdogo akafungua mdomo. Aliutazama ukumbi, na ukumbi wote ulikuwa unamtazama yeye kwa mapenzi. Nilisikia mashine ya kusaga.

"Wako pamoja," akasema. "Wako na dada yao."

Hapo Mzee Chitanda akanipa kamba, nikavuta.

Alipokuja nyuma alikuwa amekwishafuta uso. Mama Tunu alikuwa ameketi juu ya kreti, wigi mapajani, miguu ameinyoosha, anakula kachori huku koti liko mabegani. "Shemeji, ahsante," akamwambia kwa ile sauti yake nene. "Lina joto." Ba'mdogo alimtazama yatima wake kwa muda mrefu. Kisha akanigeukia akaniambia kwa kunong'ona kwamba yale yalikuwa maneno ya kwenye mchezo, na yeye aliyasema kwa ajili ya mchezo. Niwalete watoto.

Aliyejibu alikuwa Mama Siwema. Alikuwa amekuja nyuma na wanawake wenzake kumpa mkono yule baba mwenye huruma, na walimkuta amemshika Asha kwenye kiwiko.

"Baba," Mama Siwema akasema, "mie nakaa kwenye geti hilo kila siku. Hapa kuna mlango mmoja tu. Ukitoka na mdogo wa huyu binti, wote tutakuuliza ni nani kasema yale mwanzo. Nyie wenzangu si mmemsikia?"

Wenzake walimsikia. Mmoja alisema amesikia hadi neno mnyama. Ba'mdogo akamwachia Asha, akasema kumbe watu wa Dar hawajui utani, akatoka kwa mlango huo mmoja, na wanawake wakampisha kwa heshima zote. Hamisi alikuwa amekalia sanduku la chatu muda wote ule, tayari kulifungua. Nilijua baadaye.

Asubuhi yake nilimwona tena getini. Nilimfunika Zai na upande wa kanga yangu. Kumbe alikuwa amefuata koti. Mama Tunu alilirudisha likiwa limekunjwa vizuri, na harufu ya kachori haikuwa kosa la mtu. Ba'mdogo akalivaa, akawatazama watoto, akamwambia Hamisi kwa sauti ya amri, "Msikilize dada yako." Akaenda kupanda basi na tiketi zake. Mpaka anafariki alikuwa akiwasimulia ndugu kwamba ni yeye aliyeamua sie tukae pamoja, na kwamba wengi walimpinga lakini alisimama imara. Sikuwahi kumbishia. Alikwishaitoa sababu yake hadharani, na kwetu zawadi yenye sababu ilipokelewa.

Baada ya hapo hakuna aliyetusumbua tena, na kazi iliendelea kuwa kazi. Umeme ulikatika, tukaigiza kwa karabai na watu wakasema waigizaji wamependeza kuliko kawaida. Chatu alitoroka, akapatikana kwenye stoo ya bia, akiwa mtu pekee aliyeingia mle bila kuiba. Mzee Chitanda alianza kusahau nyundo alipoiweka, kisha akasahau njia ya kuja, na Hamisi akawa anamfuata kwake asubuhi na kumrudisha. Alipofariki, waigizaji hawakujua kulia kwa kweli. Walikaa kwenye makreti kimya. Kamba niliivuta peke yangu siku hiyo na nikaona ilivyokuwa nzito, maana kumbe kwa miaka yote alikuwa anaisaidia kutoka upande wa pili.

Kisha televisheni ikaingia mitaani, na watu wakagundua kwamba unaweza kulia nyumbani kwako bila kumpa mtu kuku. Kundi likavunjika taratibu. Kidevu akawa mnadi wa mitumba Tandale na nasikia alifaa sana. Mama Tunu alirudi kwa wajukuu. Ukumbi ukakodishwa kwa kila aliyekuja. Jumamosi kulikuwa na kitchen party ambamo mama mmoja alimfundisha bibi harusi uvumilivu wakati wanawe watatu wameacha wake. Jumapili asubuhi kulikuwa na kanisa la mchungaji aliyetaka pazia lifunguliwe kila alipotaja miujiza, na nilimfungulia, ingawa sisi ni Waislamu, kwa kuwa kazi ni kazi. Jumapili jioni walikuja vijana wa singeli, na spika zao zilifanya kile ambacho panya walishindwa: zilikata kamba.

Nyie mlikuja wakati huo. Niliwapenda, msidhani siwapendi. Lakini mlikuwa mnamwaga moshi jukwaani mpaka mwimbaji hajulikani alipo, kisha mnasema ni ubunifu. Mnafunga pazia kwa kitufe huku mnaangalia simu. Nendeni mkasikilize viti.

Wadogo zangu walikua mle mle. Hamisi alijifunza umeme kwa kuzirekebisha taa zetu zilizomrusha, akaajiriwa, akajenga Kinondoni. Asha ni mwalimu, yuko Mbagala. Zai ni muuguzi, kaolewa Tabata. Mimi nilibaki kwenye chumba cha nyuma, na kila Jumapili mchana walikuja na watoto wao, wakakaa kwenye makreti, wakala, wakagombana, wakaondoka. Siku nyingine hawakuwa na lolote la kusemezana. Walikuja hivyo hivyo.

Watoto wa Tajiri walipouza eneo, tuliambiwa tuhame. Sijui kama mnajua, ukumbi unaovunjwa unapata wapenzi wengi kuliko ulivyopata siku zote ulipokuwa wazi. Siku ya kuvunja walijaa. Wababa niliowaona kwa mara ya kwanza waliniambia, "Sie tulikuwaga hapa kila wiki." Walipiga picha wakiwa na huzuni, wakaziangalia, wakapiga upya. Bwana mmoja alisema serikali ingepaswa kuufanya makumbusho, na nilipomuuliza mara ya mwisho aliingia lini akasema yeye alikuwa akiusikia tu. Kijana wa redio aliniwekea kipaza sauti mdomoni aniulize najisikiaje. Nikamwambia najisikia mtu asiye na pa kulala. Akasema hiyo hawezi kuirusha, nimpe kitu chenye hisia. Greda lilisukuma ukuta wa jukwaa mara moja tu. Sikutegemea ungekuwa mwepesi hivyo.

Wadogo zangu walikuwa wamekwisha kukaa kikao nyumbani kwa Hamisi, Kinondoni, kabla sijafika. Walinipa kiti kizuri na chai. Hamisi akaanza, kwa kuwa ni mwanamume na chai ni yake. Akasema wamelifikiria sana suala langu, kwa upendo. Nitakaa kwake miezi ya mvua, kwa kuwa kwa Asha kunafurika. Nitakaa kwa Asha shule zikifunguliwa, nimsaidie watoto. Kwa Zai nitakaa akiwa zamu za usiku. Kila mmoja atakuwa na zamu yake, na mimi sitamchosha mtu.

"Jumapili mtakula wapi?" nikauliza.

Walitazamana. Asha akasema, "Dada, si kila mtu kwake. Watu tumekuwa wakubwa."

"Kinondoni hadi Mbagala ni mbali," Hamisi akaongeza. "Foleni yenyewe hiyo. Tutapigiana simu."

Zai alikuwa anachezea kizibo cha chupa ya chai. Nilimaliza kikombe changu, nikawaambia nimekwishapanga chumba Buguruni kwa Mama Siwema, ambaye bado yuko hai na bado anasikia kila kitu. Nikawaambia sigawanywi. Nikikaa kwa mmoja wenu, hao wawili watapita miaka hawajaonana mpaka kwenye msiba, na huo msiba utakuwa wangu, sitakuwepo kuwaamulia. Nawataka Jumapili, wote, na watoto. Hamisi akauliza chumba kina ukubwa gani. Nikamwambia aje apime.

Walikuja wamenuna. Hamisi alipata kukaa kwenye ndoo. Asha alilalamika joto toka mlangoni. Zai alileta mchele na nazi, na wote watatu walikuja na watoto tisa ambao sikuwa nimewapigia hesabu kwenye sufuria yangu, kisha wenyewe wakaanza kubishana nani aende kuazima nyingine: Hamisi hajui jirani, Asha amechoka, Zai ndiye mdogo lakini ndiye aliyeleta mchele. Kelele zilikuwa zinafika barabarani. Nikaenda mwenyewe.

Jirani wa mlango wa tatu, binti mgeni aliyehamia juzi kutoka Iringa, alikuwa amesimama nje anasikiliza. Aliniamkia, akaniambia kwa huruma, "Mama, naona leo umeingiliwa na wageni."

"Sina mgeni," nikamwambia. "Nataka sufuria kubwa."